Kondo, Nihurumie

"Simamisha hapo," Inspekta Demetria alisema. "Rudisha nyuma. Kidogo tena. Haya, iache."

Anjelina, mwenye kibanda umiza cha kuoneshea sinema, alibonyeza rimoti huku kakunja uso. Asubuhi yote hiyo hajaingiza mteja, kisa polisi wawili wamekalia benchi la mbele wanatazama sinema bure, tena sinema yenyewe moja, tena kipande kile kile. Kibanda kilikuwa cha mabati matupu, madirisha yamezibwa kwa maboksi, na jua la Chamazi lilikuwa limeshaanza kukipika.

"Afande, mie hii nimeshaikariri," Sajini Talha alisema, akijipepea kwa kipande cha boksi. "Mlinzi anapiga magoti. 'Kondo, nihurumie!' Kondo anamtazama, anamwambia nenda kalee watoto wako, anapuliza mdomo wa bastola, anaruka kwenye gari jeupe, huyo anaondoka. Tunatafuta nini tena?"

"Huko kupuliza."

"Kupuliza?"

"Wewe mtoto wa Temeke. Umewahi kusikia jambazi amefyatua risasi, watu wanapiga kelele, halafu badala ya kukimbia akasimama kupuliza bastola kama mtu anayepoza chai?"

Talha alikuna kidevu. Hakuwahi.

Kupuliza huko ndiko kulikomnyima Demetria raha tangu aliposoma upya maelezo ya Elinaza. Daniel, mwenye duka la vifaa vya ujenzi mtaa wa pili kutoka kibandani, alikuwa ameuawa kwa risasi ndani ya duka lake jioni, wakati wa kufunga. Aliyekuwa naye ndani alikuwa mmoja tu: Elinaza, rafiki yake wa siku nyingi na msaidizi wake dukani. Elinaza alieleza kwamba aliingia mtu mwenye kofia pana ya kauboi, akaichomoa bastola ya Daniel kwenye droo, bastola halali yenye kibali, akamlenga nayo. Alifyatua kwa mkono wa kushoto. Mkono wa kulia ulikuwa hauna kidole cha pete wala cha mwisho. Akapuliza bastola, akatoka nayo, akaingia kwenye gari jeupe. Pesa za mauzo hakugusa.

Mtaa ulishamaliza kesi siku hiyo hiyo. Kondo karudi, walisema, yule jambazi wa kweli aliyejiigiza mwenyewe kwenye sinema, na Kondo hamgusi mtu bure. Basi marehemu wa watu, ambaye hajawahi kumdhulumu mtu hata msumari, akaanza kusemwa kwamba alikuwa anapunja wateja saruji. Mjane wake aliyasikia hayo akiwa bado amekaa kwenye mkeka wa msiba.

Kwa kuwa Kondo mwenyewe alikuwa na mashahidi, Talha ndiye aliyekwenda Keko kwa mafundi seremala, ambako mashine za kupasua mbao hula vidole kila mwaka, akatoka na Farhan, fundi vitanda. Vidole viwili vya mkono wa kulia hana, kazi zote anafanya kwa kushoto, na jioni ile alikuwa karakana peke yake akipaka vanishi. Wananchi wenye hasira walikuwa wameshapata tairi. Talha aliwahi kumtupia kwenye gari, la sivyo wangemchoma. Kesho asubuhi Farhan alikuwa anapandishwa mahakamani kwa mauaji, kesi isiyo na dhamana, na akishaingia mahabusu huko, kutoka kwake Mungu ndiye ajuaye.

"Basi Farhan kaiona sinema, akaiga," Talha alisema. "Kofia kaiga, kupuliza kaiga. Lakini vidole je, afande? Kondo humo hana viwili vya kulia, na Farhan hana. Na vyenyewe kaviiga?"

"Ulikwenda Keko kutafuta mtu asiye na vidole. Ungemkosa?"

Talha aliacha kujipepea. Yalimuuma, kwa sababu kukamata kule alishapongezwa mbele ya paredi.

"Tazama gari," Demetria alisema, akainuka na kugusa kioo cha runinga. "Kondo anaingia mlango huu. Dereva amekaa wapi?"

"Hapa. Kushoto."

"Hilo gari la wapi?"

Talha aliinuka. Alisogea hadi pua ikakaribia kugusa kioo. Gari lilikuwa dogo, la kawaida kabisa, la aina inayojaa barabara zote kuanzia Ubungo hadi Mbagala. Usukani ulikuwa kushoto. Nyuma yake bodaboda ilikuwa inapita upande wa kulia wa barabara, raha mustarehe, na hakuna aliyeipigia honi.

"Mama yangu," alisema Talha.

"Kwani nini?" Anjelina aliuliza. "Si ndivyo magari ya sinema yalivyo? Kauboi, za mateke, zote nzuri usukani uko huko."

"Hii imepigwa hapa hapa, dada. Hiyo barabara si ya Chamazi?"

"Eh." Anjelina alisogea naye kutazama, kisha akacheka kwa aibu. "Aa, hiyo imegeuzwa. Wanaoziweka mtandaoni wanazigeuza kama kwenye kioo, kulia kunakuwa kushoto, ili zisitambuliwe zikafutwa. Mie naishusha hivyo hivyo. Wateja hawajawahi kulalamika hata siku moja."

"Na Elinaza ni mteja wako?"

"Elinaza na marehemu? Hilo benchi mlilokalia ndilo lao. Daniel, Mungu amrehemu, maneno ya hii sinema alikuwa nayo yote kichwani. Alikuwa ananikera, anayasema kabla ya muigizaji."

Demetria aliinua mikono yake miwili, akaitazama mmoja baada ya mwingine, kisha akachukua mkoba wake.

"Twende kwa Kondo," alisema.

*

Kondo mwenyewe, yule wa kweli, alikuwa na kijiwe cha kuosha pikipiki karibu na uwanja wa mpira. Walimkuta amevaa buti za mvua na kofia ya kauboi, dereva bodaboda kamkumbatia begani wanapigwa picha. Picha ilipokwisha, mzee alivua kofia, akaitundika kwenye msumari, akarudi kwenye ndoo yake ya povu.

Talha alisita. Jambazi naye anaamkiwa? Lakini kichwa kilikuwa cheupe chote.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Polisi nyie. Nimewajua tangu mnavuka barabara." Hakuacha kusugua tairi. "Kama ni ile ya Daniel, mie siku ile nilikuwa hapa hapa, waulizeni vijana wote."

"Tunajua," Demetria alisema. "Nioneshe mikono yako, mzee wangu."

Kondo aliinyoosha, povu likimtiririka. Wa kulia ulikuwa mzima. Wa kushoto ulikuwa na vidole vitatu, na pale pa viwili palikuwa na kovu kubwa, jeusi.

"Panga," alisema. "Wananchi. Walinibahatisha Mbagala, wakaanzia hapo, polisi wakafika."

Talha aliangalia chini. Alikuwa anaikumbuka tairi ya Keko.

"Kwenye sinema ulifyatua kwa mkono gani?" Demetria aliuliza.

"Huu wa kulia. Huo mwingine utashika nini?"

"Na enzi zako?"

Mzee alicheka mpaka akakohoa. "Enzi zangu nini! Bastola niitoe wapi mie? Nilikuwaga na nondo. Kipande cha nondo na miguu ya kukimbilia, basi."

"Kofia?"

"Ya mwongozaji. Alinifuata nilipotoka jela. Akaniambia, mzee, Wamarekani sinema zilipoanza tu waliwachukua wezi wao, wezi hasa, wa treni na benki, wengine wametoka gerezani juzi, wakawaambia haya, jiigize mwenyewe. Mtu alikuwa muuaji, akipandishwa farasi na kuvishwa kofia anakuwa bwana mzuri, anasaidia wajane. Dunia nzima ikawapenda. Na sie, akasema, tunaye wetu." Kondo alimwaga maji juu ya pikipiki. "Farasi akakosekana. Ndiyo likatafutwa lile gari."

Talha alicheka, lakini mzee hakucheka naye.

"Yule mlinzi wa kwenye sinema," Demetria alisema. "Alikuwepo kweli?"

Kondo aliweka ndoo chini. Alijifuta mikono kwenye suruali, polepole.

"Mzee Mwinchande," alisema. "Alikuwa analinda ghala la saruji, huko upande wa Wazo. Alinijua, tulikaa mtaa mmoja. Ndiyo maana aliniita jina. Kondo, nihurumie. Hayo maneno mwongozaji hakuyatunga, nilimpa mie." Aliitazama ile kofia kwenye msumari. "Kwenye sinema namwambia nenda kalee watoto wako. Siku tunaipiga ile nililia, mwongozaji akafurahi, akasema naigiza vizuri. Kumbe nalilia kingine. Mzee Mwinchande sikumwachia. Nilimpiga nondo, akafia hospitali."

Pikipiki ilidondosha maji.

"Nimefungwa kwa ajili yake, na nilistahili. Nimetoka, watu wananipa mikono. Nikiwaambia mie nimeua, wanacheka. Mzee unazingua, wanasema, sie tumeona kwa macho yetu ulimwachia. Mjukuu wake Mwinchande naye alikuja hapa kupiga picha. Sasa mie nifanye nini, mama?"

Demetria alimshukuru, akamuaga. Simu yake iliita kabla hawajafika kwenye gari. Alikuwa Edgar, mkuu wao wa upelelezi.

"Demetria, faili la Farhan nalitaka mezani kabla ya alasiri. Wakili wa serikali analisubiri. Nasikia mko kwenye sinema?"

"Tunamalizia, afande."

"Mnamalizia nini? Shahidi kasema, vidole vimeonekana, mtu tunaye. Mwache hakimu naye afanye kazi."

Simu ikakatwa. Talha alikuwa amesimama upande wa pili wa gari, mkono kwenye mlango, haufungui.

"Kwa hiyo, afande," alisema, "jambazi asiye na vidole vya kulia, anayefyatua kwa kushoto..."

"Yupo kwenye runinga ya Anjelina tu. Nje ya kile kibanda hayupo."

"Na mie nimemfunga mtu."

"Bado hajafungwa. Endesha."

*

Mbele ya duka la Daniel, Gladness alikuwa anapakua wali na maharage chini ya mwavuli mkubwa wa rangi ya bluu. Genge lake lilikuwa limeziba nafasi yote kati ya mlango wa duka na mtaro: meza, benchi mbili, majiko mawili ya mkaa. Yeye ndiye shahidi wa pili. Kwenye maelezo yake alisema amemwona mtu mwenye kofia akitoka mbio.

Demetria alikaa kwenye benchi, akaagiza sahani ya wali. Talha alimshangaa, lakini na yeye akakaa.

"Dada Gladness, siku ile ulikuwa umekaa hapa hapa?"

"Hapa hapa, afande. Mgongo nimeupa duka, nageuza chapati."

"Na gari jeupe lilisimama wapi?"

"Hapo nje."

"Nje wapi? Nioneshe."

Gladness aliinua mwiko kuonesha, mwiko ukabaki hewani. Mbele kulikuwa na majiko. Baada ya majiko, mtaro. Baada ya mtaro, ukuta wa jirani.

"Lingepita juu ya masufuria yangu," alisema taratibu. "Jamani. Hilo gari sikuliona mie. Elinaza ndiye alitoka anapiga kelele, Kondo, Kondo, kapanda gari jeupe. Watu wote wakasema wameliona."

"Na mtu mwenye kofia?"

Mwanamke alianza kutafuna mdomo wake. "Nilimwona... Yaani, afande, mie nikifumba macho namwona kabisa. Kofia na koti. Lakini siku ile mgongo ulikuwa huku."

"Usiogope. Nani alikuuliza siku ile ulichosikia kabla ya risasi?"

"Hakuna. Mliniuliza nilichoona tu."

Talha alisonya, alikuwa anajisonya mwenyewe.

"Sasa nakuuliza mie. Ulisikia nini?"

"Nilimsikia Daniel. Hilo naapa hata kanisani. Alisema kwa sauti, 'Kondo, nihurumie!' Halafu paa, risasi. Ndiyo maana sikuwa na shaka ni Kondo."

"Na kabla ya hapo?"

"Kabla ya hapo walikuwa wanacheka."

Kijiko cha Talha kiligonga sahani.

"Nani anacheka?"

"Wote wawili. Daniel na Elinaza. Wanacheka sana, mpaka nikasema hawa leo wameuza nini."

Demetria alisukuma sahani pembeni. Mtu aliyewekewa bastola usoni na jambazi hacheki. Na sauti ya tatu Gladness hakuisikia, wala hatua za mtu kupita kwenye genge lake, ambako hata paka akipita lazima aguse benchi.

Jua lilikuwa limehama na kumfikia Gladness begani. Alishika mlingoti wa mwavuli ili ausogeze. Mlingoti ulikuwa umesimikwa kwenye ndoo ya rangi iliyojazwa zege.

"Dada, usiusogeze!" Elinaza alitoka dukani kwa haraka. Alikuwa mtu mwembamba, macho mekundu, kitambaa cheusi cha msiba kimebanwa kwenye mfuko wa shati. "Nilishakwambia, hiyo itapasuka. Karibuni, maafande. Sikujua mmefika."

"Zege la lini hilo?" Demetria aliuliza.

Gladness ndiye aliyejibu, kwa furaha ya mtu anayemsifia jirani. "Elinaza kanitengenezea. Mwaka mzima namwomba, mwavuli unapeperuka, ananiambia kesho, kesho. Siku ya pili ya msiba, duka limefungwa, namkuta nyuma huko anachanganya saruji. Nikasema maskini, anatafuta cha kushika mikononi."

"Siku ya pili ya msiba," Demetria alirudia. "Na mpaka leo halijakauka?"

Elinaza alicheka kidogo. "Saruji siku hizi..."

"Njoo ukae hapa, kaka. Nataka unisaidie kitu kimoja, faili niende nalo kwa mkuu." Demetria aliokota kijiti, akachora gari mchangani: mstatili, magurudumu manne, mshale wa kuonesha mbele. Alichukua kizibo cha soda, akakiweka kwenye kiganja cha Elinaza. "Lile gari ulilosema. Niwekee dereva."

Elinaza hakufikiri hata kidogo. Aliinama akaweka kizibo mbele, upande wa kushoto.

"Una hakika?"

"Kabisa. Namwona kama namwona sasa hivi."

"Talha, gari letu usukani uko wapi?"

"Kulia, afande."

"La mkuu?"

"Kulia. Ya nchi nzima kulia."

Elinaza alikitazama kizibo. Mkono wake ulitaka kukisogeza, ukarudi.

"Labda lilikuwa la ubalozi," alisema.

"Labda. Na Kondo naye nimetoka kwake sasa hivi. Vidole vyake vimekatika mkono wa kushoto, si wa kulia. Anafyatua kwa kulia. Anayefyatua kwa kushoto ni wa kibandani kwa Anjelina, kwa sababu ile sinema imegeuzwa. Wewe hukumwona mtu, Elinaza. Ulitusimulia sinema."

"Afande, mie nilikuwa nimechanganyikiwa, rafiki yangu kafa mbele yangu..."

"Hilo naliamini. Kafa mbele yako." Demetria hakupandisha sauti. "Mlikuwa mnacheka nini?"

Elinaza alimgeukia Gladness. Gladness alikuwa ameshika mwiko kwa mikono miwili, machozi yameshamlenga.

"Talha," Demetria alisema, "humo dukani hamkosi nyundo kubwa. Ilete. Nataka kuona kama hii ndoo itapasuka kweli."

"Msiipasue," Elinaza alisema.

"Kuna nini?"

"Msiipasue, nakuombeni. Nitasema." Alikaa chini mchangani palepale, juu ya gari lililochorwa. "Tulikuwa tunacheza."

Talha alisimama mlangoni, nyundo mkononi.

"Kila siku tukifunga duka tulikuwa tunacheza hivyo. Yeye mlinzi, mie Kondo. Watu wazima, mnaweza kucheka. Siku ile akasema leo tutumie ya kweli. Akaitoa kwenye droo, akachomoa magazini ya risasi, akaiweka mezani, akasema haina kitu, shika. Nikashika kwa kushoto. Kwa kushoto, kama yeye Kondo, na mie natumia mkono wa kulia! Akapiga magoti, anacheka, anashindwa kusema maneno kwa kucheka. 'Kondo, nihurumie!' Nilitakiwa nimwambie nenda kalee watoto wako." Aliutazama mkono wake wa kushoto. "Ilikuwa na risasi moja ndani. Kumbe inabakigi moja ndani."

Gladness alipiga yowe, akajifunika uso kwa khanga.

"Ungesema," Demetria alisema. Hasira ilikuwa imempanda sasa, na hakuificha. "Ungetoka nje ukasema imetufyatukia. Tungekuhoji, ungelia, yangekwisha kwa njia yake. Badala yake umempa mjane wa rafiki yako jina la mke wa mwizi wa saruji, na kuna mtu yuko ndani kwa ajili ya vidole vyako vya sinema."

"Sikujua kama yupo mtu wa hivyo! Naapa. Nilisema vile kwa sababu mzee Kondo yuko kijiweni mbele ya watu kutwa, na mtu mwingine wa hivyo hayupo. Nikajua mtatafuta, mtachoka."

"Alipokamatwa ulijua."

Elinaza aliokota kizibo cha soda, akakifinya kiganjani.

Talha alipiga ndoo. Zege lilikuwa limeshika barabara, likamtoa jasho, na mwavuli wa bluu ukalala ubavu juu ya benchi. Lilipopasuka, bastola ilionekana imekaa katikati, na magazini pembeni yake, vyote vimezungushiwa mfuko wa plastiki kwa uangalifu wa mtu wa dukani.

*

Edgar alilisoma faili akiwa amesimama. Alilisoma tena. Kisha akasema, "Mtoeni," akaingia ofisini na kufunga mlango.

Talha aliomba aende mwenyewe kumfungulia. Farhan alitoka mahabusu pekupeku, ndevu zimemjaa, mkono wa kulia ameuficha kwapani kama alivyouficha tangu siku ya kwanza.

"Ndugu yangu," Talha alisema. "Nilikosea. Nisamehe."

"Humo ndani wananiita Kondo," Farhan alisema. "Walinipisha nilale ukutani, pazuri. Jambazi mmoja mkubwa alikuwa ananipa chai yake. Niliwaambia mie natengeneza vitanda. Wakacheka."

Nje, kwenye benchi la getini, Bi Hamisa, mama yake Farhan, alikuwa amekaa na kikapu chake cha chakula, kama siku zote. Demetria ndiye aliyetangulia kumfikia.

"Shikamoo, mama. Mwanao huyo."

Mama hakuitikia marahaba. Kikapu kilianguka. Alimshika mwanawe uso, mabega, mikono, akautoa ule mkono wa kulia kwapani na kuubusu pale pasipo na vidole, analia na kumshukuru Mungu kwa sauti kubwa, hajali ni nani anamwona.

Hapo getini kulikuwa na kijiwe cha bodaboda. Mmoja wao aliuona ule mkono ukiinuliwa.

"Oya! Kondo huyo! Wamemwachia!"

"Kondo hafungiki!" mwingine alidakia. Pikipiki ziliunguruma, honi zikapigwa. Kijana mmoja alinyoosha kidole cha kushoto kama bastola, akakipuliza, wenzake wakashangilia. Talha alipiga kelele kwamba si yeye, kwamba Kondo ni mzee anaosha pikipiki, kwamba hakukuwa na Kondo kabisa. Walimpungia mkono kwa furaha. Wawili walikuwa wameshatoa simu wanampiga picha.

Farhan aliurudisha mkono wake kwapani, akainamisha kichwa.

Bi Hamisa alijifuta machozi kwa ncha ya mtandio, akamwacha mwanawe, akaenda kusimama katikati ya zile pikipiki, mwanamke mfupi, kandambili miguuni.

"Anaitwa Farhan!" alipiga kelele. "Mnanisikia? Semeni! Farhan!"

Hakuna aliyesema. Honi zilikuwa zinalia, na kijana yule alikuwa ameshapanda juu ya tandiko ili apate picha nzuri zaidi.

"Farhan!" mama alisema tena, peke yake.